Nusu siku kwenye zabibu za Dodoma, kwa macho ya mwenye grosari

Niseme mapema: ziara hii ya shamba la zabibu na kiwanda cha mvinyo inalipa, ila inalipa shambani kuliko kwenye meza ya kuonja. Kama uko Dodoma kwa semina au harusi na una shilingi 90,000 isiyo na kazi, maana ndiyo bei ya mtu mmoja, nenda. Kama unataka kufunga safari kutoka Dar kwa ajili ya glasi tano za mvinyo, soma kwanza mpaka mwisho.

Mimi nauza vinywaji. Nina grosari Tabata, meza chache nje, friji ndani, na katika mvinyo wote ninaouza hakuna unaotoka kama dompo, ule mvinyo mtamu wa Dodoma. Wateja wangu wakubwa wa mvinyo ni kina mama wa vikoba: wanataka tamu, wanataka ya baridi, na hawataki kusikia hadithi ya mtu. Ila siku hizi wanakuja vijana wa maofisini wanauliza kama nina drai, yaani mvinyo usio na utamu. Hapo huwa nanyoosha mkono kwenye chupa ya Afrika Kusini, kwa mazoea tu. Kikanikera. Zabibu tunalima wenyewe, treni ya kwenda zinakolimwa ipo, na mimi mwenye biashara sijawahi hata kuona mzabibu ukiwa na majani. Wifi yangu anafanya kazi wizarani Dodoma, akaniambia njoo, kuna watu wanatembeza wageni mashambani. Nikapanda SGR, daraja la kawaida.

Kampuni yenyewe ni ndogo, unawapata kwa WhatsApp, unalipa kwa simu nusu kwanza. Walitufuata saa tatu asubuhi kwa Noah safi, kiyoyozi kinafanya kazi, dereva hana fujo. Tulikuwa mimi na wifi, mtu na mkewe kutoka Mwanza, na mhadhiri mmoja aliyekuwa anauliza maswali kama yuko kwenye usaili. Mwongozaji ni kijana aliyesomea kilimo, na hilo ndilo lililoiokoa siku, kwa sababu anajua anachosema na asichokijua anampa mkulima akiseme.

Tulishika barabara ya Iringa. Tulipopita Bihawana akatuonyesha upande wa misheni, akaeleza kwamba wamisionari Wakatoliki walipanda zabibu pale, na watu wa huku wanahesabu mwanzo wa zao lao hapo. Divai ya misa ilikuja kabla ya mvinyo wa baa. Baada ya hapo ni vumbi jekundu, mibuyu, mbuzi barabarani, mpaka tukaingia Mpunguzi, kwenye shamba la mzee mmoja mwenye ekari zake mbili.

"Shikamoo baba."

"Marahaba mwanangu. Mbukwenyi nyote, karibuni," akatusalimia kwa Kigogo.

Hapa ndipo pesa yangu ilipofanya kazi. Mzee hakuwa na hotuba. Alichukua mkasi wa kupogolea akaingia kwenye mstari uliokwisha kuvunwa, akakata tawi, akatuambia tusogee tuangalie. Amebakiza macho mawili tu, pale machipukizi yanapotokea, juu ya kikonyo, na pale alipokata, maji yakaanza kuchuruzika tone kwa tone. Akasema huku hakuna baridi ya kuulaza mzabibu. Ulaya majani hupukutika yenyewe na mti unalala miezi yote ya baridi; Dodoma mti hauna sababu ya kulala, kwa hiyo mkulima ndiye anayeulaza. Anapunguza maji, anapogoa, mti unaanza upya, na kuanzia siku hiyo anahesabu kama miezi minne hadi kuvuna. Ndiyo maana Dodoma wanavuna mara mbili kwa mwaka, mara moja kwenye Machi na Aprili, mara nyingine Agosti na Septemba. Muuzaji mimi, miaka yote hiyo, hakuna aliyewahi kuniambia.

Mwenzangu wa Mwanza akauliza mavuno yapi ni mazuri. Mzee akacheka. Ya kiangazi, akasema, hayana ubishi. Ya masika mvua inaleta ubwiri, na unapoteza pesa kwenye salfa na dawa nyingine kabla hujaona shada moja limeiva. Alituonyesha majani yenye unga mweupe aliyoyang'oa akayaweka pembeni ayachome. Kwenye mstari wa pili kulikuwa na zabibu bado hazijavunwa, zimefunikwa wavu kwa ajili ya ndege, nyeusi tii. Aina yake wanaita Makutupora nyekundu, jina la kule kaskazini mwa mji kwenye kituo cha utafiti wa zabibu. Weupe wao wanautoa zaidi kwenye Chenin Blanc.

Kisha mwongozaji akatoa kifaa kidogo cha kupimia sukari. Unaminya zabibu, unadondosha maji yake kwenye kioo, unakigeuzia juani na kuchungulia. Kila mtu alipewa zamu. Yangu ilisoma 22, yaani sukari kama asilimia 22. Akasema zabibu za 22, hamira ikila sukari yote, zinatoa mvinyo wa pombe kama asilimia 12. Ukitaka mvinyo mtamu, uchachu unakatishwa kabla hamira haijamaliza, au utamu unaongezwa baadaye. Maelezo ya dakika tano, nikaelewa lebo zote zilizoko dukani kwangu. Akaminya nyingine kwenye sahani nyeupe: zabibu nyeusi, maji yake karibu meupe kabisa. Rangi inakaa kwenye ganda. Mvinyo mwekundu unachachuliwa na maganda yake, na ule ukakasi unaokausha ulimi unatoka humo humo, kwenye ganda na mbegu. Mteja akiniambia drai nyekundu "inauma mdomo", sasa nina la kumjibu.

Mhadhiri akauliza bei. Kijana akataka kutuharakisha kwenye gari, eti tusiingie kwenye siasa. Mzee hakukubali. Zabibu, alisema, haina subira. Mahindi utayaweka kwenye gunia ungoje bei. Zabibu ukishaikata, usipompata mnunuzi upesi inakuharibikia mkononi, na mnunuzi analijua hilo. Wenye uwezo wanakamua wenyewe, wanahifadhi mchuzi, yaani maji ya zabibu yaliyokamuliwa, kwenye matangi na kuviuzia viwanda baadaye. Yeye hana tangi. Mavuno mengine amewahi kuuza kwa ndoo barabarani, kwa wapita njia wa Iringa. Ningekuwa mwenye kampuni, sehemu hii ndiyo ningeiweka mbele kwenye tangazo, maana mgeni anayekunywa anastahili kujua nani amebeba hasara. Wao wameweka picha ya glasi na machweo.

Tulikaa shambani kama saa moja na nusu. Ningekaa zaidi.

Kiwandani sitakaa sana, kwa sababu na wao hawakukaa sana na sisi. Ni kiwanda kidogo, kisafi, matangi ya chuma yamepangwa, harufu ya uchachu inakupokea mlangoni. Dada aliyetupokea alitupitisha haraka: hapa zinasagwa, hapa zinachachuka, hapa tunapoza, maana kwa joto la Dodoma uchachu usipopozwa mvinyo unapoteza harufu. Sawa. Cha ajabu, watu waliotoka kutueleza habari ya kupoza wakatuletea nyekundu ya vuguvugu, kwenye vikombe vya plastiki, saa saba mchana. Mvinyo wa watu umelimwa kwa jasho, umepimwa sukari, umepozwa wiki nzima, halafu unaharibiwa na kikombe cha sherehe ya shule.

Mpangilio wenyewe ulikuwa mzuri: nyeupe drai, nyeupe nusu tamu, nyekundu drai, nyekundu tamu, mwisho dompo. Nyeupe drai ndiyo iliyotoka kwenye friji, na ndiyo iliyonishinda nguvu. Nyepesi, chachu yake ya kiasi, inataka samaki wa kukaanga na kachumbari. Ile ningeiuza Tabata kesho. Nyekundu, nilipoipeleka kivulini na kuiacha ipumue, ilikuwa na harufu ya zambarau zilizoiva sana. Dada alikuwa anasoma karatasi inayosema cheri na matunda ya msituni. Pale mezani tulikuwa sita na hakuna aliyewahi kuonja cheri mbichi. Semeni zambarau, semeni ukwaju, mtu ataelewa.

Hakukuwa na maji mezani. Hakukuwa na mkate wala hata karanga za kusafisha ulimi, wala chombo cha kumwagia kwa asiyetaka kumeza. Mimi nimezoea, lakini mke wa yule bwana wa Mwanza alikuwa ameshaanza kucheka peke yake kwenye glasi ya nne. Wifi yangu ni mlokole, alikuja kwa ajili ya shamba, na alitoa taarifa mapema. Alilipishwa 90,000 ile ile na kupewa soda. Kiwanda cha zabibu, mgeni asiyekunywa pombe anapewa Fanta! Juisi ya zabibu ingekuwa heshima, na nusu bei ingekuwa haki. Nilipomwambia mwongozaji alikubali kwa adabu na kusema atafikisha. Pesa haikurudi.

Duka lao ni dogo na bei ni nzuri. Nyeupe drai nilinunua katoni kwa 14,000 kila chupa, bei ya kiwandani, na wakanifungia vizuri kwa ajili ya treni. Waliniuliza kama nataka na dompo. Dompo naletewa mlangoni Tabata na gari la jumla, nikabebe mgongoni ya nini.

Kwa wanaotaka kwenda: uliza kwa simu, kabla ya kulipa, shamba gani na kama kuna zabibu mtini wiki hiyo. Ukienda ukakuta miti imepogolewa yote, utaona vijiti. Mwisho wa Agosti na Septemba ni salama zaidi. Vaa viatu vya kufunika, vumbi lile haliondoki kwenye kitambaa cheupe. Kula kwanza, kwa sababu chakula hakimo kwenye bei. Sisi tulisimama njiani wakati wa kurudi tukala mishikaki kwa pesa yetu. Mjini mnafika saa tisa hivi, kwa hiyo treni ya jioni kurudi Dar unaiwahi bila kukimbia.

Katoni yangu ilikwisha mapema kuliko nilivyotegemea, ila kwa njia moja tu: nilianza kuuza kwa glasi. Hapo ndipo kuna kazi, maana chupa ya drai ikifunguliwa na kukaa siku kadhaa inaanza kuelekea kwenye siki, na mteja mmoja hawezi kumaliza chupa nzima Jumanne. Nilimpigia dada wa kiwandani kumwomba wafikirie nusu chupa, ya mililita 375. Akasema wazo zuri, mama, nitumie kwa WhatsApp. Nimetuma. Tiki mbili za bluu.