Miezi saba kwenye mchezo huu: mzuri, ila boti zimetumalizia watu

Nimecheza mchezo huu wa mtandaoni miezi saba, karibu kila usiku nikishajiunga bando la usiku. Kikundi chetu kilikuwa na watu tisa, wa Dar, Mombasa, Bujumbura na Muscat, na ndani ya mchezo wote tulizungumza Kiswahili.

Mchezo wenyewe naupenda. Ramani ni pana, simu ya kawaida inaumudu, na kila ufundi unategemea mwingine. Mimi ni mhunzi. Chuma nilikuwa nanunua kwa wageni: mtu anafika na mawe yake thelathini, "kaka, unanunua?", tunapatana bei, namuuliza anatoka wapi, namwonyesha njia isiyo na mbwamwitu. Wanne kati ya wale tisa tuliwapata hivyo, kwa kuuziana mawe.

Mwezi wa nne zikaingia boti, yaani programu zinazocheza zenyewe bila mtu. Usiku mmoja nilisimama kwenye mgodi wa kaskazini nikaziangalia nusu saa nzima. Wahusika kumi na mmoja, wote na ile suruali ya kahawia ya siku ya kwanza, majina ni herufi zilizorundikana tu. Anagonga jiwe, anageuka, anapita kushoto kwa mti uleule, anakwenda benki, anarudi. Nikamzibia mmoja njia, nikamwamkia. Akanigonga mara tatu, akanizunguka, akaendelea na safari.

Jiwe la chuma likashuka sokoni kutoka sarafu 120 hadi 18. Kwa mhunzi ilionekana neema, na nakiri wiki ya kwanza nilifurahi. Lakini mgeni anayechimba kwa mkono wake amuuzie nani? Tangu hapo hatujapata mwanakikundi mpya hata mmoja.

Kisha watu wakaanza kushukiana. Dada yetu wa Muscat hakuwa akiandika sana, kwa kuwa alicheza huku ananyonyesha. Wakamripoti kuwa ni boti. Akaunti ikafungwa siku tisa, na huduma kwa wateja ikamjibu mara nne kwa ujumbe uleule. Ilipofunguliwa, hakurudi. Hilo limeniuma kuliko bei zote za sokoni.

Najua dawa yake si nyepesi. Dhahabu, yaani sarafu za ndani ya mchezo, inayokusanywa na boti huuzwa kwa fedha halisi, na wanunuzi ni wachezaji wenzetu. Kampuni ya Jagex ya Uingereza iliwahi kubana biashara huru kati ya wachezaji wa mchezo wake wa mtandaoni, RuneScape, mwishoni mwa 2007 na mwanzoni mwa 2008, ili kuwakomesha wauza dhahabu. Hata kumpa rafiki zawadi ya maana ikawa haiwezekani. Februari 2011 biashara huru ikarudishwa, baada ya kura zaidi ya milioni moja, na Oktoba mwaka huohuo kampuni ikafanya msako mkubwa wa boti. Ningependa wenye mchezo wetu waanze na jambo dogo zaidi: mtu halisi wa kusoma rufaa kabla akaunti haijafungwa.

Naupa nyota mbili. Kabla hujalipia, tumia zile siku 14 za bure, nenda mgodi wa kaskazini saa nne usiku, usalimie watu. Mimi wiki iliyopita nilisalimia tisa. Hakuna aliyeitikia.