Vibao vya majina mjini Mwanza: mbao safi, ila maana nenda nayo kutoka nyumbani

Niliagiza vibao vitano. Vinne vya wajukuu zangu, Kabula, Kulwa, Doto na Shija, na kimoja kikubwa cha ukoo wa marehemu mume wangu, cha kukaa juu ya mlango wa nyumba ya mwanangu kule Kiseke. Duka lenyewe ni chumba kimoja mjini kati, si mbali na Makoroboi. Wana mashine ya leza inayochoma herufi kwenye mbao, na ukutani wamebandika bei: jina tupu 20,000, jina na maana yake 30,000. Mimi nilitaka maana, ndiyo hasa iliyonipeleka.

Kazi ya ubao haina lawama. Ni mninga mkavu, umepigwa msasa mpaka ukipitisha kiganja hausikii kitu. Herufi zimezama kama unene wa ukucha, zina rangi ya kahawia iliyoiva, na pembeni hakuna masizi. Tundu la kutundikia limetobolewa kwa nyuma, kwa hiyo msumari hauonekani. Kimoja nilikifuta kwa kitambaa kibichi nikakiacha dirishani siku nne, kinapigwa jua la asubuhi na upepo wa ziwa jioni. Hakikupinda, na vanishi haikutoka.

Tatizo lilikuwa kwenye yale maneno madogo chini ya jina.

Kibao cha Kabula kiliandikwa: asili Kiarabu, maana kukubaliwa. Kabula alizaliwa mwezi wa nne, mvua imeifunga Igoma yote, gari la baba yake limekwama kwenye tope, na mimi mwenyewe ndiye niliyemkata kitovu. Mbula kwa Kisukuma ni mvua. Wa kiume wa mvua ni Mabula, wa kike ni Kabula. Uliza Magu, uliza Kwimba, uliza Maswa, hakuna mzee atakayebabaika.

Cha Shija kiliandikwa “mwenye bahati”. Hicho ndicho kilichoniuma zaidi.

Nimefanya kazi ya ukunga miaka 31, kwa hiyo majina haya nimeyapokea yakiwa bado yana maji ya uzazi. Kwa Wasukuma na Wanyamwezi, pacha wa kwanza ni Kulwa, wa pili ni Doto, na mtoto wa uzazi unaofuata, awe wa kike au wa kiume, ni Shija. Mama akija kliniki na mimba, nikamuuliza anaitwa mama nani, akijibu mama Shija, kabla sijafungua kadi nilishajua huyu amewahi kubeba mapacha. Swali langu la pili lilikuwa wale mapacha walizaliwaje, na alitoka damu kiasi gani. Tumbo nililipima kwa makini zaidi, maana aliyebeba mapacha mara moja anaweza kubeba tena. Akiniambia mama Kashinje, nilijua mtoto yule alitanguliza miguu, na safari hii sikumwachia aondoke bila kupapasa kichwa cha mtoto kimelala upande gani. Jina lilikuwa linanisaidia kazi. Sasa jina lenye habari yote hiyo ya mama na matumbo yake matatu, unaliandikia “mwenye bahati” kama kadi ya sikukuu?

Nikarudi dukani na vibao vyangu kwenye kapu.

Kijana wa mashine aliniamkia vizuri, “Shikamoo mama,” akanipa stuli. Nikamuuliza hizi maana anazitoa wapi. Akanionyesha simu. Kuna orodha ya majina ya watoto kwenye intaneti, anaandika jina, inamletea maana, anainakili. Tukakaa wote tukaipitia. Kusema haki, sehemu kubwa iko sawa. Petro ni jiwe, kwa Kigiriki. Yohana ni Mungu ana neema, kwa Kiebrania. Halima ni mpole, kwa Kiarabu. Hata majina ya Wazungu ya ukoo yamo: Smith ni mfua vyuma, Johnson ni mwana wa John. Orodha ile haikosei inapoijua lugha. Ikikutana na jina la lugha isiyoijua, inakamata neno linalofanana nalo kwenye lugha nyingine na kulileta kama ndilo. Kabula ikapelekwa Uarabuni kwa njia hiyo. Shija haikupata pa kuipeleka, kijana akaona aibu kuacha pengo, akajaza la kwake. Alikiri mwenyewe, nami nilimshukuru kwa kukiri.

Jirani yangu, mama wa Kiluo kutoka Shirati, alipata bahati kuliko mimi. Aliagiza kibao cha binti yake Achieng, kikaja na maana sahihi kabisa: aliyezaliwa jua likiwaka. Nadhani ni kwa sababu majina ya Waluo yameandikwa sana upande wa Kenya. Kwao karibu unasoma saa kwenye jina: Omondi alfajiri, Onyango jua la asubuhi, Ochieng mchana, Odhiambo jioni, Otieno usiku, na wa kike unabadilisha O ya mwanzo kuwa A. Okoth na Akoth ni wa mvua, ndugu kabisa wa Mabula na Kabula wetu. Pacha wao ni Opiyo na Odongo, anayefuata ni Okello. Wodini nimewahi kuwa na Shija na Okello vitanda viwili vilivyopakana, mama zao hawasikilizani lugha, na wote wawili wameacha mapacha nyumbani.

Nikamuuliza kijana jina lake. Akanitajia la ubatizo, la baba, na la tatu Bujiku. Bujiku maana yake nini? Akasema ni la ukoo tu, halina maana. Nikamwambia Bujiku ni usiku. Akampigia bibi yake Misungwi, akaweka sauti ya juu, tukaamkiana, “mwangaluka,” na bibi akaeleza bila kutafuta maneno: babu yake kijana alizaliwa usiku wa manane, mwezi umezama, wakawasha moto uani ili waone. Kijana alinyamaza kidogo. Halafu akachukua daftari akaandika.

Hapo ndipo nilipomweleza jambo ambalo naomba kila mwenye duka la namna hii alielewe. Kwetu jina la tatu ni la babu au la ukoo, kwa hiyo maana yake ni habari ya siku ya babu, si ya mtoto. Yupo Mabula aliyezaliwa mwezi wa nane vumbi likitimka, kwa kuwa amerithishwa jina. Yupo Shija asiye na mapacha mbele yake, kwa kuwa ni Shija wa bibi. Nilimtajia Mwalimu Nyerere. Alizaliwa Butiama 1922 akaitwa Kambarage, jina la mzimu wa mvua, kwa sababu siku hiyo ilinyesha sana. Nyerere lilikuwa la baba yake, chifu wa Wazanaki, na kwa Kizanaki ni viwavi, kwa kuwa yeye ndiye aliyezaliwa mwaka wa viwavi. Julius alilipata kwenye ubatizo, 1943, nalo ni jina la Warumi. Kwa hiyo mtu mmoja ana mvua yake mwenyewe, viwavi vya baba yake, na Roma ya kanisani. Ukimwandikia kibao kimoja na maana moja, utakuwa umemwandika theluthi.

Kibao cha tano ndicho kilichonigharimu muda. Ukoo wa mume wangu ni Ng'wigulu. Igulu ni mbingu, Ng'wigulu ni kule juu angani. Mashine ikachoma “Ngwigulu”, bila ule mkato. Kijana akaona ni kitu kidogo, nikamwambia hapana. Ng' ni ya ng'ombe, ng bila mkato ni ya ngazi. Ukiutoa mkato umetoa sauti, na mtoto atakayelisoma miaka ishirini ijayo hatakuwa na wa kumrekebisha. Na mkato huu umewahi kututesa. Miaka ya nyuma ofisi moja ilimwandika mume wangu Ng'wigulu na mdogo wake Mwigulu, baba mmoja mama mmoja. Shamba la baba yao lilipotaka kugawanywa ilibidi waape hati ya kiapo mahakamani kuthibitisha kwamba ni ndugu. Mzee wa watu alipanda daladala mara sita kwa ajili ya herufi mbili. Ndiyo maana sikukubali kibao kile kiondoke hivyo, hata alipotaka kunipunguzia bei.

Na Kulwa walimwandika “Kurwa”. Najua wengi wanaandika hivyo, na magazetini utaliona. Kwetu ni l, na cheti chake cha kuzaliwa kina l. Kwenye oda nilikuwa nimeiandika kwa herufi kubwa.

Rafuni wanauza pia ramani ya ziwa iliyokatwa kwa mbao, 45,000, imeandikwa Victoria. Ni nzuri kwa zawadi. Speke ndiye aliyelipa jina la malkia wake alipoliona kutokea upande wetu huu, 1858. Nimemwomba kijana achonge nyingine zenye Nyanza, kwa kuwa jina la mji wetu limetoka humo, na Nam Lolwe ya Waluo, na Nalubaale ya Waganda. Akizichonga nitanunua.

Marekebisho hawakunitoza, na hilo nalihesabu. Walikwangua upande ule wa maandishi, wakapiga msasa upya, wakachoma upya. Cha Kabula sasa kinasema: “Kisukuma. Wa kike wa mvua. Igoma, mwezi wa nne.” Cha Shija: “Kisukuma. Aliyewafuata Kulwa na Doto.” Ubao umepungua unene kidogo, ukiviweka pamoja na vingine utaona, ila ukutani haijulikani.

Ukienda, usimpe jina peke yake. Mpe lugha ya jina, mwambie alimpa nani, na kwa sababu gani. Kama hujui, pita kwanza kwa shangazi au bibi, ndipo ulipe ile 10,000 ya maana. Kijana sasa ana daftari la mistari mezani, na kabla ya kupokea pesa anauliza maswali hayo matatu. Nilimkuta Jumamosi akimuuliza mama mmoja wa Kikerewe, naye mama anacheka anamsimulia kuzaliwa kwa mwanawe tangu mwanzo, foleni imesimama nyuma yake. Tanguliza nusu ya malipo, na ukiambiwa siku tatu hesabu tano. Asubuhi ni bora, jioni umeme ukisumbua mashine inasimama.

Vibao vinne vipo ukutani Kiseke. Doto amenilazimisha nimsomee cha Shija mara tatu ili asikie jina lake humo. Cha Ng'wigulu bado, ameniahidi Jumatano, na mkato nimemchorea mwenyewe kwa kalamu nyekundu.