Uzoefu wangu: ziara ya siku moja Marangu, na kwa nini kihamba ndicho cha kulipia

Ukitaka jibu la haraka: nenda, ila kabla ya kulipa mwambie anayekuuzia ziara akupunguzie maporomoko na akuongezee muda wa kihambani, yaani kwenye shamba la nyumbani la Wachaga. Ziara za siku moja za Marangu, kwenye miteremko ya Kilimanjaro, zinauzwa kwa picha za maji yanayoanguka. Maji ni mazuri, sibishi. Lakini maporomoko hata kwenye simu utayaona. Kukaa na mwenye shamba wa Kichaga akueleze kwa nini mgomba uko pale na mbuni uko huku, hilo lazima uende mwenyewe.

Tuliichukua ziara Moshi mjini, kundi dogo, karibu wote Watanzania. La kwanza la kuuliza ni bei ya Mtanzania, kwa sababu orodha ya kwanza tuliyotumiwa ilikuwa ya dola. Tulipoandika kwa Kiswahili ikaja nyingine ya shilingi, na tofauti si ya kuficha. Sitataja tulicholipa, maana bei hupanda na kila kundi hupatana kivyake. La pili, uliza bei imebeba nini. Kule kila kituo kina kiingilio chake: maporomoko mbali, mapango mbali, nyumba ya makumbusho mbali. Wapo wanaokutajia bei ndogo asubuhi, halafu mchana kutwa unachomoa noti. Sisi tulidai kila kitu kiwe ndani, chakula pia, na hapo kampuni ilisimamia neno lake.

Ondokeni mapema. Mlima hauna adabu na wanaochelewa kuamka. Asubuhi unajionyesha wote, ikifika saa nne au tano wingu limeshaufunika, na unaweza usiuone tena mpaka jioni. Tulikuwa na bahati. Kabla hatujafika Himo, kilele cha Kibo kilikuwa nje kabisa na theluji yake, na kile cha Mawenzi pembeni kimechongoka. Mwongozaji wetu akatupa kile kisa cha wenyeji: Mawenzi alikuwa kila mara anakwenda kwa Kibo kuomba moto, mpaka siku moja Kibo akachoka, akamtwanga kwa mchi, ndiyo maana hadi leo kichwa chake kimevunjikavunjika. Kibo mita 5,895, Mawenzi 5,149. Kipigo kilikuwa cha haki au la, gari zima lilibishana mpaka njia panda ya Himo, ambako barabara moja inaendelea Holili na Taveta na nyingine inapanda kushoto kwenda Marangu. Ukishapanda tu, joto la tambarare linabaki nyuma, migomba inaanza kubana barabara pande zote mbili, na watu wanaanza kutafuta masweta.

Kwenye lango la hifadhi tulisimama kwa ajili ya picha. Mimi ningelipita. Kwa asiyepanda mlima, pale ni maegesho ya magari, wapagazi wakipima mizigo, na kumbukumbu za waliotangulia. Kitu kimoja kilinifaa: kusikia habari za Yohani Kinyala Lauwo, mtu wa Marangu anayetajwa kuwa aliwaongoza wapanda mlima wa Ulaya, Hans Meyer na Ludwig Purtscheller, walipofika kileleni Oktoba 1889. Lauwo alifariki mwaka 1996. Kule nyumbani kwao habari zake zinasimuliwa kama za mzee wa mtaani, na ndivyo ilivyo.

Kinukamori ndiyo poromoko tulilopelekwa. Ngazi zimetengenezwa, zinateleza, shikilia kamba. Kuna kisa cha msichana Makinuka, aliyepata mimba kabla ya ndoa enzi ambazo jambo hilo lilikuwa na adhabu ya kifo. Akaenda ukingoni ajitupe, akaghairi, alipogeuka kurudi akakutana uso kwa uso na chui, akatumbukia. Kisa kizito, na kilisimuliwa haraka kwa sababu kundi lingine lilikuwa limesimama nyuma yetu likisubiri zamu ya kupiga picha. Ratiba yetu ilikuwa na poromoko jingine baada ya hapo. Tulikataa kwa kauli moja, na huo ndio uamuzi uliookoa siku.

Sasa mapango. Ni mahandaki yaliyochimbwa kwa mkono, membamba, unaingia umeinama, na mwenye hofu ya sehemu za kubana abaki nje bila aibu. Mwongozaji alianza maelezo yake yaliyokaririwa: Wamasai wakija kuteka ng'ombe, Wachaga wanaingia chini na mifugo yao. Mizaha yake ilikuwa imepimwa kwa ajili ya watalii, anasema, ananyamaza, anasubiri kicheko. Mama mmoja wa kundi letu, mzaliwa wa Rombo, akamkatiza taratibu: "Mwanangu, hapa hatuna mgeni. Hebu tueleze kama unavyowaeleza wadogo zako."

Yule kijana akacheka, akasema, "Sawa mama," na kuanzia hapo tukapata mwongozaji mwingine kabisa. Akakubali kwamba vita havikuwa vya Wamasai peke yao. Wachaga wenyewe walipigana sana, mangi kwa mangi, yaani mtawala kwa mtawala. Akatupitisha kwenye uhasama wa Sina wa Kibosho na Rindi wa Moshi, akafika kwa Marealle wa Marangu aliyeelewana na Wajerumani, na kwa Meli, mtoto wa Rindi, aliyenyongwa Old Moshi mwaka 1900 pamoja na wenzake, na ambaye ukoo wake umeendelea kulitafuta fuvu lake huko Ujerumani. Mama wa Rombo alikuwa na maoni yake kuhusu Marealle, kijana naye ya kwake, na hawakuafikiana. Hayo mabishano ya pale mlangoni mwa pango yalikuwa na thamani kuliko pango lenyewe. Ushauri wangu kwa Mtanzania yeyote: mwambie mwongozaji mapema kwamba unataka Kiswahili cha nyumbani. Wengi wao wanajua mengi zaidi ya yale waliyozoea kuyauza.

Kihamba tulichopelekwa ni cha bibi mmoja ambaye familia yake bado inalima kahawa. Tulimwamkia, akaitikia mmoja mmoja, akatuuliza tunatoka wapi na wazazi wetu wanaitwaje, ndipo ziara ikaanza. Kwa macho ya mtu wa mjini ni msitu tu. Yeye akauonyesha kwa ghorofa: juu kabisa miti mikubwa ya kivuli na ya mbao, chini yake migomba, chini ya migomba mibuni, halafu maghimbi, viazi vikuu na maboga kwenye udongo. Ng'ombe hatoki zizini; majani anayokula yanakatwa na kubebwa, mengine yanatoka mashamba ya chini tambarare, na samadi yake inarudi kwenye mashina ya migomba. Hakuna kinachotupwa, hata gogo la mgomba uliokatwa analishwa ng'ombe. Kilimo hiki si cha kubahatisha: kihamba cha Shimbwe Juu, mlima huohuo, kimetambuliwa na FAO, shirika la chakula na kilimo la Umoja wa Mataifa, kama urithi wa kilimo wenye umuhimu duniani.

Mpakani palikuwa na mstari wa mimea ya isale. Tulijua lile jani kama la kuombea msamaha, ukimkosea mtu unampelekea. Bibi akasema ndilo pia linalolinda mpaka, maana anayeling'oa amegombana na walio hai na waliokufa. Migombani mwake, akasema, sasa kuna mipaka mingi kuliko zamani. Kihamba cha baba kinagawanywa kwa watoto wa kiume, kila mmoja anapata kipande, mpaka kipande kinakuwa cha kujengea nyumba tu. Ndiyo maana vijana wako Dar es Salaam na Arusha, na Desemba ndipo wanarudi wote kwa pamoja.

Kilichonigusa zaidi ni mfongo, yaani mfereji wa maji ya shambani. Nilikuwa nimesoma habari za mifereji ya Wachaga shuleni, nikidhani ni kitu cha makumbusho. Mfongo huu unapita nyuma ya jiko la bibi, upana wa hatua moja, maji baridi ya kutoka msituni juu, yanayotiririka kwa mwinamo tu bila pampu. Mjukuu wake alitufungulia: alivuta bonge la nyasi na udongo lililokuwa limeziba mdomo, akaweka kipande cha gogo la mgomba kuzuia mkondo, na maji yakageuka yakaingia shambani yakinong'ona kati ya mashina. Baada ya muda akaziba tena, akakanyagia kwa kisigino. Zamu ya jirani ilikuwa inakaribia, na zamu, alisema bibi, ndiyo inayofanya watu wasiongee miaka kumi. Mifongo mingine imekauka au nafasi yake imechukuliwa na mabomba. Huu wa kwao ukoo bado unausafisha.

Kahawa tuliifanya yote kwa mikono. Bibi alichuma matunda mekundu machache, akayaminya kati ya kidole gumba na cha shahada, punje mbili zikaruka zikiwa na utelezi mtamu ambao alitulazimisha kuulamba. Hizo haziwezi kunywewa siku hiyo. Zinachachushwa, zinaoshwa na kuanikwa kwa siku kadhaa. Kwa hiyo akatoa zilizokwisha kauka. Tukatwanga kwenye kinu kuondoa ganda, tukapepeta kwenye ungo (mimi nilipepetea puani kwa jirani yangu), zikakaangwa kwenye chungu juu ya kuni mpaka zikaanza kualika, zikatwangwa tena, zikachemshwa. Akatukumbusha kuwa kahawa ililetwa na wamisionari wa Kilema mwishoni mwa karne ya 19, na kwamba baba yake aliuza kupitia KNCU, ule ushirika wa wakulima wa kahawa ulioanzishwa mwaka 1933. Ada za shule zake zilitoka humo. Sasa sehemu ya mibuni imeng'olewa kupisha parachichi. Hakusema kwa huzuni, alitaja bei ya kilo ya kimoja na kingine, tukaelewa.

Na hapo, katikati ya maongezi, mwongozaji akaangalia saa. Ratiba inatudai tuondoke. Hili ndilo lalamiko langu kubwa. Muda tuliouokoa kwa kuruka poromoko ulikuwa unakaribia kuliwa wote na duka la vinyago, ambako baadaye tulikaa muda mrefu tukitazamwa na wauzaji, bila mtu kununua zaidi ya kofia. Sielewi kwa nini kundi la Watanzania lipelekwe kwenye vinyago ambavyo Mwenge, Dar es Salaam, vimejaa. Bibi, ambaye ndiye aliyefanya kazi yote, tulimwachia asante ya mkononi. Uliza moja kwa moja mwenye shamba analipwa nini kutoka kwenye bei yako. Sisi tulijibiwa kwa mafumbo, na kwa hilo nawapunguzia alama.

Chakula kilichelewa mpaka saa tisa. Machalari yalikuwa mazuri, ndizi mshare na nyama, mchuzi mzito, ila pembeni walipanga tambi na chipsi utadhani hatuaminiki. Mbege, pombe ya Kichaga, waliileta kwenye kata. Ni ndizi mbivu zilizochemshwa na ulezi, na magome ya mti wa msesewe yanayoipa ukali. Si tamu kama wanavyosema, ina uchachu na chengachenga za ulezi zinabaki mdomoni. Nilimaliza. Anayeendesha gari akae nayo mbali.

Msimu: Machi hadi Mei njia za shambani ni tope tupu, viatu vya wazi usithubutu. Kuchuma kahawa ni kuanzia kama Julai hadi Desemba. Nje ya hapo utaona maandalizi ya zilizokauka tu, mibuni haitakuwa na mekundu. Desemba nyuma ya tarehe 20 sishauri, magari ya Himo yanajaa wenyeji wanaorudi kwao na nauli inajua. Wazee wanaweza kwenda, mradi waruke Kinukamori na mapango. Kihambani wanakaribishwa kiti. Watoto wa kuanzia umri wa shule watafurahia mfongo kuliko kitu chochote, wabebee nguo za kubadilisha.