OIA kwa mwanafunzi wa udaktari aliyefelishwa: inasaidia wapi, inakwama wapi

Mwanafunzi wa udaktari aliyefelishwa England au Wales aijue Office of the Independent Adjudicator, yaani OIA, ofisi huru inayosikiliza malalamiko ya wanafunzi dhidi ya vyuo, kabla hajamtafuta wakili. Mwanafunzi halipi chochote. Gharama zinabebwa na vyuo vyenyewe. Mamlaka yake yanatoka katika Sheria ya Elimu ya Juu ya mwaka 2004. Ni huduma nzuri, ila wengi wanaiendea kuomba kitu ambacho haina: maksi.

Sheria hiyohiyo inaikataza kugusa uamuzi wa kitaaluma. Mtahini akikupa 2 kati ya 5 kwa jinsi ulivyompima mgonjwa tumbo, hakuna mtu OIA atakayekaa kupima kama ulistahili 4. Mahakama nazo zimesimama hapohapo. Mwaka 2000, katika kesi dhidi ya University of Lincolnshire and Humberside, Mahakama ya Rufaa ilikubali kwamba mwanafunzi anaweza kukishtaki chuo kwa kuvunja mkataba, lakini swali la alama alizostahili si la jaji.

Kinachochunguzwa ni utaratibu, na mitihani ya udaktari ina mengi ya kuchunguza. Chukua OSCE, ule mtihani wa vitendo ambao mwanafunzi hupita kituo kimoja baada ya kingine, kila kimoja na kazi yake na mtahini wake. Kengele ya kituo ililia kabla ya wakati? Kifaa kiliharibika katikati na muda haukufidiwa? Mwenye ulemavu alinyimwa dakika za ziada alizokwisha kukubaliwa? Hili la mwisho ni zito kuliko mengine, kwa kuwa linaingia kwenye Sheria ya Usawa ya mwaka 2010. Angalia pia kama kanuni za kufaulu zilizotumika ndizo zilizochapishwa. Vyuo vingi vina masharti mawili, jumla ya alama na idadi ya chini ya vituo vya kufaulu, na alama nyingi za kituo kimoja haziokoi sharti la pili.

Hoja inayoshindwa mara kwa mara ni hii: “Walipandisha alama ya kufaulu baada ya mtihani.” Katika OSCE nyingi ndivyo inavyotakiwa kuwa. Mtahini hujaza alama za fomu, kisha hutoa tathmini ya jumla: amefaulu, yuko mpakani, amefeli. Alama ya kufaulu hukokotolewa kutokana na uhusiano wa hivyo viwili, na baadhi ya vyuo huongeza kidogo juu yake kufidia kosa la kipimo. Kwa hiyo haiwezi kujulikana kabla ya siku ya mtihani. Lalamika tu kama kanuni za chuo zilitaja njia nyingine.

Mtego mwingine ni kanuni ya kwamba ukiingia chumba cha mtihani umekiri kuwa mzima wa kutosha kuufanya. Cheti cha daktari kilicholetwa baada ya matokeo hukataliwa, isipokuwa uonyeshe kwa ushahidi kwa nini hukuweza kukileta mapema.

Ushahidi uombe mapema, kwa kutumia haki yako ya kupata taarifa zako binafsi. Chuo hakilazimiki kukupa ulichoandika mwenyewe kwenye karatasi ya majibu, lakini alama na maoni ya watahini hayana kinga hiyo. Fomu za vituo zimo humo. Kwa kawaida chuo kina mwezi mmoja kujibu; ukiomba kabla matokeo hayajatangazwa, muda unarefuka.

OIA haikupokei kabla rufaa ya ndani haijaisha. Muda wa rufaa hiyo ni mfupi, mara nyingi wiki chache tu, nao hupangwa na chuo. Ikiisha, chuo kinatakiwa kukupa ndani ya siku 28 barua iitwayo Completion of Procedures Letter, yaani ya kuthibitisha kwamba taratibu zake za ndani zimekwisha. Kuanzia tarehe ya barua hiyo una miezi 12 ya kwenda OIA. Usiitumie yote. Kazi karibu yote hufanyika kwa maandishi na uamuzi huchukua miezi, wakati madaktari wapya huanza kazi hospitalini mwanzoni mwa Agosti. Hapa ndipo huduma hii inapomwangusha mwanafunzi wa udaktari: unaweza kushinda na mwaka ukawa umekwenda. OIA haiwezi kuzuia matokeo yasitumike huku shauri likiendelea.

Na ukishinda, tarajia pendekezo kwamba chuo kisikilize rufaa upya, kikupe nafasi nyingine ya mtihani, kiombe radhi au kilipe fidia. Vyuo hutii, karibu bila ubishi, kwa sababu kutotii hutangazwa.

Njia nyingine ni mapitio ya mahakama, yaani kumwomba jaji achunguze kama uamuzi wa chuo ulifuata sheria. Yana kikomo cha miezi 3, na hata ndani yake unatakiwa usichelewe. Jaji anaweza kukurudisha OIA, akisema nafuu ya bei rahisi ilikuwepo. Huwezi kuendesha njia zote mbili kwa pamoja bila kesi kusimamishwa. Uamuzi wa OIA wenyewe unaweza kupelekwa mahakamani, jambo ambalo Mahakama ya Rufaa ililithibitisha mwaka 2007.

Usipoteze muda kuliandikia baraza la madaktari, GMC. Halibadilishi maksi za chuo. Mitihani ya vyama vya kitaaluma baada ya shahada haiko chini ya OIA pia: BAPIO, chama cha madaktari wenye asili ya India, kiliupeleka mtihani wa madaktari wa familia Mahakama Kuu mwaka 2014, kikashindwa. Waliosoma Scotland na Ireland Kaskazini waende kwa ombudsman wa huko, yaani ofisa huru wa kusikiliza malalamiko.