Nyimbo za Sholay: ununue wapi bila kuuziwa remiksi

Sisi tuliokulia Pwani tunajua, filamu ya Kihindi ikiisha mtu anatoka na wimbo mdomoni. Sasa kama unazitaka nyimbo za Sholay ya 1975 kwenye simu, tena kihalali, nisikilize mimi niliyeshaliwa hela.

Kuna kibanda nililipa niwekewe Mehbooba Mehbooba, wimbo mmoja wa Sholay, kwenye flashi, nafika nyumbani naifungulia, kumbe kijana simjui na biti ya disko juu! Ya ukweli kaimba R.D. Burman mwenyewe, mtunzi wa muziki wa filamu nzima, ile sauti ya kukwaruza kama mtu anahema, ukishaisikia mara moja hudanganyiki tena. Yeh Dosti, wimbo mwingine wa filamu hiyo, nayo hakikisha unaona majina ya waimbaji wake, Kishore Kumar na Manna Dey. Halafu chunga usinunue maneno matupu, maana filamu ilivyotikisa ikatolewa mpaka santuri ya mazungumzo, unasubiri ngoma unamsikia Gabbar Singh, jambazi wa filamu, anafoka (mi ninayo hiyo pia, sijuti).

Namba moja kwangu ni iTunes, duka la muziki la mtandaoni la Apple. Unanunua wimbo mmoja mmoja, kwa kawaida haufiki dola moja na nusu, faili halina kufuli yoyote so unalihamishia hata kwenye Android au redio ya gari, na Yeh Dosti inakula kama MB 10 tu. Cheki kwanza kama ipo kwenye duka la nchi yako, na uwe na kadi.

Namba mbili, CD ya zamani. Igeuze: orijino chini inang'aa fedha, ukiona rangi ya kijani au zambarau hiyo imechomwa na mtu, rudisha.

Spotify Premium, ile huduma ya kusikiliza muziki kwa kulipia, naiweka mwisho. Kudanlodi unadanlodi, ila usipoingia mtandaoni walau mara moja ndani ya siku 30 nyimbo zinafungwa, na ukiacha kulipa ndo basi. Kwa nyimbo tano tu ni sawa na kupanga nyumba nzima ulale usiku mmoja.

Kama hela yako ni ya wimbo mmoja, chukua Yeh Dosti ndefu ya kwenye pikipiki, maana iko na nyingine ya huzuni, Jai, mmoja wa wale marafiki wawili wa filamu, akishakufa, na majina yanafanana. Samahani kama hujaiona filamu, ila miaka 50 imepita jamani.