Uzoefu wangu: mashimo tisa kwenye uwanja wa Charlie Sifford, Charlotte

Kwa wenzangu mnaopenda gofu na mnaoishi Marekani, au mtakaopita North Carolina kwa kazi au kumtembelea ndugu: kuna uwanja mdogo wa mashimo tisa hapa Charlotte, kwenye Revolution Park Drive, barabara iliyokuwa ikiitwa Barringer Drive, na ninaomba msiupite. Jina lake kamili ni Dr. Charles L. Sifford Golf Course at Revolution Park, jina la Charlie Sifford, mchezaji gofu mweusi aliyezaliwa mji huu. Ni uwanja wa umma, mali ya kaunti ya Mecklenburg. Huhitaji uanachama wala mtu wa kukudhamini. Unalipa dirishani, unabeba mfuko wako, unacheza.

Nimeshacheza hapo mara kadhaa sasa, na safari hii nilimchukua mwanangu wa miaka kumi na mmoja. Nikiambiwa nitoe nyota, nitatoa tano bila kusita. Ila lazima nieleze kwa nini, maana anayepima uwanja kwa urefu wa mashimo na ukubwa wa jengo la klabu hatanielewa.

Mimi nilikuwa kedi. Nilianza nikiwa darasa la saba, kwenye klabu moja ya pwani kwetu, nikibeba mifuko ya watu wazima begani hadi mkanda ukaniachia alama. Siku sita za wiki ningeweza kukwambia upepo unavutia wapi kwenye shimo la saba, na grini ipi, yaani zile nyasi fupi zinazozunguka shimo, inadanganya macho, lakini kupiga mpira hata mmoja sikuruhusiwa. Jumatatu ndiyo ilikuwa siku yetu. Wanachama hawaji, nyasi zinakatwa, na sisi makedi tunaingia na fimbo za kuokoteza, moja watu wanne. Mpaka leo nikisikia mashine ya kukata nyasi asubuhi, mikono inawasha.

Kwa hiyo niliposoma kwamba Charlie Sifford naye alijifunza gofu siku za Jumatatu, niliweka kitabu chini nikakaa kimya. Huyu ni mtu wa Charlotte hii hii, aliyezaliwa tarehe 2 Juni 1922. Akiwa na miaka 13 alikuwa kedi katika Carolina Country Club, klabu ya wazungu, kwa ujira wa senti 60 kwa siku. Senti 50 alimpa mama yake. Kumi zilizobaki alinunulia biri, ile sigara nene, na biri hiyo haikutoka tena mdomoni mwake. Katika picha zake nyingi za uwanjani anayo. Mwenye klabu na mwalimu wa klabu, Clayton Heafner, walikiona kipaji chake wakamwachia nafasi, na akiwa na umri huohuo wa miaka 13 tayari aliweza kumaliza raundi kwa idadi ya mikwaju iliyopangwa. Kisha wanachama wakaanza kunung'unika kuhusu kijana mweusi anayecheza vizuri kuliko wao. Akiwa na miaka 17 aliondoka mjini akaenda Philadelphia.

Sasa turudi uwanjani.

Tulifika mapema, umande bado uko kwenye nyasi. Sisi tulikuwa wawili, kwa hiyo tukapangiwa kucheza na mzee mmoja Mmarekani mweusi, mwenyeji wa mtaa wa jirani, anayevuta mfuko wake kwenye kigari cha magurudumu mawili. Hili ni jambo mojawapo ninalolipenda kwenye viwanja vya umma: unapewa mwenzako wa kucheza naye usiyemjua, na mkifika shimo la nne mmeshajuana. Mzee huyu alimsubiri mwanangu kila mara bila kuonyesha uchovu. Mtoto alipokosa mpira kabisa akapiga hewa, mzee aligeuka akatazama miti, kana kwamba hakuona. Nilimshukuru moyoni.

Mashimo yenyewe si ya kutisha. Mchezaji mwenye nguvu nyingi atataka nafasi zaidi, lakini kwa mtoto, kwa mtu anayeanza, na kwa mtu kama mimi ninayependa kutembea kwa miguu, ni saizi yake hasa. Mpira wangu wa kwanza ulikwenda kushoto, wa pili ukanisamehe. Hesabu ya mikwaju yangu sitaiweka hapa kwa sababu siyo iliyonileta.

Tukiwa tunasubiri kundi la mbele litoke kwenye grini, yule mzee aliniuliza kama ninajua barabara tuliyokuja nayo ilikuwa ikiitwaje na kwa nini. Nilijua jina, historia yake sikuijua. Akanisimulia, na baadaye nilikwenda kuihakikisha mwenyewe, maana nilidhani amekuza.

Zamani uwanja huu uliitwa Bonnie Brae. Sehemu ya ardhi ya Revolution Park, bustani ya umma ulimo uwanja huu, ilitolewa na Osmond Barringer kwa sharti lililoandikwa kwenye hati: itumiwe na wazungu tu, na sharti likivunjwa ardhi irudi kwake. Mwaka 1951 kikundi cha wachezaji weusi wa mji huu kilikataa kufukuzwa, kikaenda mahakamani. Walikuwa walipa kodi, na uwanja ulikuwa wa umma. Kesi ilivutwa mpaka mahakama ya juu kabisa ya jimbo, na mwaka 1955 majaji wakasema sharti la Barringer ni halali: mweusi akikanyaga kucheza, ardhi inarudi kwa mwenyewe. Fikiria hilo. Nyayo za mtu zinatosha kugeuza umiliki wa shamba zima. Kesi haikuishia hapo, na mwaka 1957 wachezaji weusi waliingia hatimaye.

Barabara inayokuleta ilibeba jina la Barringer kwa miaka mingi, kabla ya kubadilishwa. Uwanja wenyewe, tangu 2011, una jina la Sifford. Nilisimama hapo na fimbo mkononi nikashindwa kujua niseme nini. Mwanangu ndiye aliyesema, akauliza kama sisi tungefukuzwa. Yule mzee alimjibu ndiyo, kwa sauti ya kawaida kabisa, kisha akamwonyesha jinsi ya kushika fimbo chini kidogo ili asipige hewa tena.

Kuanzia hapo, nilicheza mashimo yaliyobaki nikiwa na Sifford kichwani. Alipigana vita Okinawa akiwa jeshini, akarudi, akafanya kazi kwa mwimbaji Billy Eckstine kama mtumishi wake na mwalimu wake wa gofu. Alishinda mashindano ya taifa ya wachezaji weusi mara sita, tano kati ya hizo mfululizo kuanzia 1952 hadi 1956, na ya sita mwaka 1960. Hakuwa mtu anayejaribu bahati. Alikuwa tayari. Mlango ndio haukuwa tayari, kwa sababu mwaka 1943 chama cha wachezaji wa kulipwa, PGA, kilikuwa kimeandika kwenye katiba yake kwamba uanachama ni wa wazungu peke yao.

Mwaka 1952 alikwenda kujaribu kufuzu mashindano ya Phoenix pamoja na bingwa wa ngumi Joe Louis na wenzao wachache. Walipofika grini ya kwanza walikuta shimo limejazwa kinyesi cha binadamu. Walisubiri karibu saa nzima shimo libadilishwe, halafu wakaendelea kucheza. Mimi nikikuta mtu ameacha alama ya kiatu kwenye mchanga nakasirika na mkwaju unaofuata unaharibika. Sijui mtu anapataje utulivu wa kuulenga mpira baada ya lile.

Lakini linalonisumbua zaidi ni Greensboro, mwaka 1961, kwa sababu Greensboro iko hapa hapa North Carolina, mwendo wa gari usiofika saa mbili kutoka kwenye uwanja huu. Sifford alikuwa mweusi wa kwanza kucheza mashindano ya PGA katika majimbo ya Kusini. Siku ya kwanza alipiga mikwaju 68 akaongoza wote, maana katika gofu mwenye mikwaju michache ndiye anayeongoza. Usiku simu ikalia. Mtu akamtishia maisha yake akithubutu kurudi uwanjani. Alirudi. Kundi la watu likamfuata shimo hadi shimo likimtukana na kumpigia kelele wakati anavuta fimbo, mpaka polisi walipowaondoa. Alimaliza mashindano katika nafasi ya nne.

Wanaocheza gofu wanajua ukimya ulivyo mali katika mchezo huu. Mtu akikohoa wakati unapiga, unamtazama. Kwenye shimo la sita kulikuwa na ukimya huo, ndege tu na upepo, na yule mzee amesimama pembeni akiwa ameshika bendera, akitungoja. Nilipiga mpira wangu taratibu. Nilitaka mwanangu auone ukimya ule kuwa ni kitu, si hewa tupu.

Kifungu kile cha wazungu tu kilifutwa Novemba 1961, baada ya mwanasheria mkuu wa California, Stanley Mosk, kukibana chama hicho. Hapa ndipo watu wengi wanaosimulia habari za Sifford wanapokimbia kwenda kwenye ushindi, na mimi naomba tusikimbie. Piga hesabu. Alizaliwa 1922. Mlango ulipofunguliwa alikuwa na miaka 39. Umri ambao mchezaji wa kulipwa anavuna, kati ya miaka 25 na 38, wake wote ulichukuliwa. Watu wakihesabu kwamba alishinda mara mbili tu kwenye mfululizo wa mashindano ya PGA, neno hilo "tu" linaniuma. Mara mbili hizo alizipata akiwa na miaka 45 na 46.

Ya kwanza ilikuwa Hartford, 1967, alipofunga siku ya mwisho kwa mikwaju 64 akaondoka na dola 20,000. Ya pili Los Angeles, Januari 1969. Siku ya kwanza alipiga 63. Siku ya mwisho akafungana na Harold Henning, mchezaji wa Afrika Kusini, nchi ambayo wakati ule ilikuwa ndani ya ubaguzi wa rangi hasa, na akamshinda kwenye shimo la kwanza la nyongeza. Mwaka 1975 akachukua ubingwa wa PGA wa wachezaji wakongwe.

Na kule Augusta, kwenye mashindano makubwa ya Masters ambayo mchezaji huingia kwa mwaliko, hakualikwa hata mara moja. Alishinda, akangoja barua, barua haikuja. Mweusi wa kwanza kucheza Masters alikuwa Lee Elder, mwaka 1975. Sifford hakuficha uchungu wake juu ya jambo hilo, na mimi ninamheshimu kwa kutouficha. Kuna watu wanataka aliyeonewa awe mpole hadi mwisho ndipo wampende.

Heshima zilikuja akiwa mzee. Mwaka 2004 aliingizwa katika Jumba la Heshima la gofu duniani, Mmarekani mweusi wa kwanza kufika hapo. Chuo Kikuu cha St Andrews, kule Uskoti mchezo huu ulikokulia, kilimpa shahada ya heshima mwaka 2006, na ndiyo maana ya "Dr." unayoiona kwenye jina la uwanja, mwanangu alidhani alikuwa daktari wa hospitali. Novemba 2014 Rais Obama alimpa Nishani ya Uhuru. Alifariki Februari 2015, akiwa na miaka 92. Tiger Woods alikuwa akimwita babu, na mtoto wake wa kiume amempa jina la Charlie.

Kwa mtakaokwenda, machache ya kuwasaidia. Nendeni asubuhi, hasa kiangazi, kwa sababu joto la Charlotte saa nane mchana halina huruma. Bebeni maji. Tembeeni kwa miguu badala ya kigari cha umeme kama miguu inaruhusu, kwani uwanja ni mfupi na mtaongea vizuri zaidi. Mkiwa na watoto, waleteni. Uwanja wa namna hii hauwatishi, na sijawahi kuona mtoto wangu akiharakishwa. Mkipangiwa na mtu msiyemjua, msikatae. Na kabla ya kwenda, wasimulieni watoto habari za yule kijana wa senti 60, ili wanapolipa dirishani wajue wanachokifanya.

Tulipomaliza shimo la tisa, yule mzee alivua kofia akatupa mkono mmoja mmoja, mtoto kwanza, kisha akaondoka na kigari chake. Mwanangu aliniuliza kama mashimo tisa ukiyarudia yanakuwa kumi na nane. Nikamwambia ndiyo, watu wengi hapa hufanya hivyo. Akatazama dirisha la malipo, akanitazama mimi. Tulilipa tena, tukarudi shimo la kwanza, na safari hii akapiga mpira yeye kwanza.