Miaka miwili na Hilux singo kebini, na kila mtu ananiuliza kwanini sikuchukua dabo

Habari za saa hizi wakuu. Hii nilitakiwa niiandike zamani maana kila ndugu na jirani akitaka pikapu ananipigia mimi, na mi sio dalali wala sio fundi, ni mnunuzi wa parachichi tu huku Njombe, nazunguka vijijini na kreti zangu, zikijaa naleta mjini, basi. Ila kabla ya kununua nilisumbuka karibia miezi mitano nikikagua magari, Dar mara mbili, Mbeya mara moja, Iringa sijui mara ngapi, na sasa nina miaka miwili na miezi kadhaa naiendesha kila siku, kwahiyo nadhani nina cha kusema.

Gari yenyewe ni Toyota Hilux singo kebini (siti za mbele tu, dabo ndo ina na siti za nyuma) ya 2003, ile bodi ya zamani kabla ya toleo la Vigo, injini 5L ya dizeli cc 2986 haina taibo (ile ya kuongezea injini nguvu), gia za mkono, 4WD. Namba C. Niliichukua milioni 24 mkononi kwa mtu, sio yadi.

Kabla ya hapo nilikuwa na kirikuu, kile kipikapu kidogo. Siwezi kuisema vibaya kirikuu, ndo iliyonijengea nyumba. Lakini kule Japani vile vigari vya cc 660 vimeandikiwa kubeba kilo 350 na mi nilikuwa naipa kreti 40 za kilo 20 kila moja, wenye hesabu mshajua. Ikifika Machi mvua zimekolea na zile barabara nyekundu za huku zimegeuka sabuni, kirikuu inapanda kilima mpaka nusu halafu inaanza kurudi kinyumenyume, we uko ndani unasali, na tandiboi kaisharuka zamani kasimama pembeni anakuangalia. Kuna siku nililala njiani upande wa Lupembe na mzigo mzima, asubuhi nafika mjini mnunuzi anakataa nusu ya kreti. Hapo ndo nikasema basi, natafuta pikapu ya ukweli.

Sasa kuingia sokoni ndo nikashangaa. Watu wengi hawanunui pikapu ya kubebea mzigo, wananunua pikapu ya kuja kuiuza. Nilikuwa nakutana na wanunuzi wenzangu kwenye hizo yadi, tunasalimiana tunapiga stori, na swali la kwanza la kila mmoja sio inabeba kiasi gani wala inakula wese vipi, ni "hii ikinishinda nitaiuza kwa haraka?" Basi ndo maana Hilux haishuki bei, gari ina miaka 20 na mtu anakutajia milioni 20 na kitu bila hata kupepesa macho, na ukisema nitafikiria kesho unakuta imeshaondoka. Mi mwenyewe nililaumu sana wauzaji lakini ukikaa ukafikiri, kwa mtu asiye na mkopo benki wala bima kubwa, pikapu ndo akiba yake, mtoto akiugua au ada ikikaba inauzwa wiki hiyohiyo.

Na lugha ya matangazo imejengwa hapohapo. "Injini haijafunguliwa." "AC inagandisha." "Ilikuwa ya mradi." Hiyo ya mradi watu wanaipenda kweli, maana gari zilizokuwa na namba za DFP, yaani za miradi ya wafadhili, zinajulikana zilikuwa zinafanyiwa sevisi kwa wakati na mafuta hayakuwa ya kuungaunga, zikipigwa mnada zinagombewa. Halafu kuna ugonjwa wa "namba E". Jamani namba inakuambia gari imesajiliwa lini hapa nchini, haikuambii imetengenezwa lini wala imeteswa kiasi gani, unaweza kukuta namba E ya gari ya 2006 na pembeni yake namba C ambayo padri aliitunza kama kikombe cha misa. Ila jaribu kumwambia hivyo mnunuzi wa mjini uone.

Nikaona pia dabo kebini ndo habari ya mjini. Yadi moja Dar nilikaa nusu siku nikisubiri mtu, nikahesabu pikapu zote zilizopaki, dabo zilikuwa kumi na kitu, singo mbili, na moja kati ya hizo mbili ilikuwa haina injini. Sababu inaeleweka, mtu anataka gari moja ifanye kila kitu, wiki nzima shambani, Jumapili kanisani, Desemba kwa wakwe. Mama Neema alinibana hapohapo, "Baba Neema, sisi tuko watano, tutakaa wapi, kwenye kreti?" Jibu sikuwa nalo, nilikuwa na tepu tu. Nikapima sehemu ya mzigo, ya dabo inakaribia mita moja na nusu, ya singo mita 2.3 hivi. Kwa mtu wa kreti hiyo tofauti ni hela ya kila siku, sio ya kubishania. Akanyamaza ila sio kwamba alikubali, mliooa mnajua ule unyamavu.

Pamoja na hayo nilienda kuona dabo moja Dar kwa kumridhisha. Vigo nyeupe, inang'aa, rimu mpya, viti vimevalishwa ngozi, dalali anaongea kuliko redio. Nilikuwa na fundi wangu mzee mmoja wa Makambako, nilimlipia nauli na kulala na sijutii hata shilingi. Hakuangalia rangi, hakuwasha hata injini. Alitandika boksi chini, akalala chali, akaingia chini ya gari na tochi ya simu. Kimya dakika kama tano. Chesisi yote ilikuwa imepigwa rangi nyeusi nzito kama lami, mi niliona imetunzwa. Yeye akatoa spana ndogo akaanza kugonga taratibu, ti ti ti, kufika nyuma ya kebini sauti ikabadilika, akakwangua ile rangi kwa ncha ya bisibisi na hapo ukatokea mshono wa weldingi, mnene kama kidole, umezunguka chesisi upande wote. Gari ilishavunjika mgongo ikaungwa. Dalali akasema "hiyo ni kawaida mzee, imeimarishwa tu." Mzee akajifuta vumbi akasema tuondoke tukanywe chai.

Hii yangu tuliipata Mafinga kwa jamaa wa mbao. Alikuwa anaiuza ili achukue dabo. Sharti la mzee lilikuwa moja, tufike saa 12 asubuhi na mwenyewe asiiwashe kabla hatujafika. Ilikuwa Juni, baridi ya Mafinga mnaijua. Tulipofika akaweka kiganja kwenye boneti kuhakikisha ni ya baridi kweli, ndo akaruhusu iwashwe. Ikakohoa mara moja, ikatoa moshi kidogo, ikatulia. Akafungua kifuniko cha oili injini ikiwa inaunguruma akaangalia kama inapumua, yaani kama inatoa moshi pale, haikuwa inapumua. Akaniambia kwa kibena nikae kimya nisioneshe furaha, tukaanza kupunguza bei.

Kwenye matumizi: nabeba tani moja bila wasiwasi, na njia mbovu kabisa natia 4WD natembea taratibu nafika. Mafuta nikiwa na mzigo napata kilomita 9 mpaka 10 kwa lita, mtupu kidogo zaidi. Spea ziko kila mahali, Makambako zipo, kubwa kubwa naagiza Kariakoo Gerezani inapakiwa kwenye basi usiku asubuhi nimeipata, ila kuwa makini, spea feki ni nyingi mno na boksi zinafanana, mi nampigia fundi video akiwa ameshika ile ya zamani mkononi tunalinganisha. Mwezi wa kwanza nilibadilisha klachi, hiyo ni mbao za yule jamaa, nilishajua na nilikuwa nimeitengea hela. Zaidi ya hapo ni oili, filta, na bushi.

Ubaya upo. Haina taibo kwahiyo haina haraka, wakati naleta mzigo wa vifaa kutoka Dar nilipanda mlima Kitonga gia ya pili nyuma ya semitrela na nikaridhika kabisa maana hata ingekuwa wazi nisingempita mtu. Ikiwa tupu nyuma inaruka, shimo dogo tu unajikuta umegonga paa, hilo ni la pikapu zote za springi za bapa, zimetengenezwa zitulie zikiwa na mzigo. Kuna wanaoongeza springi nyuma ili wabebe tani mbili, mi sitaki, ndo hizo hizo zinazokuja kuungwa chesisi. Na kanisani tunaenda kwa awamu.

Kwanini lakini chaguo la pikapu za Japani ni dogo hivi? Hili lilinichanganya mpaka nilipokaa nikalifuatilia. Toyota iliacha kuuza Hilux huko kwao Japani mwaka 2004, ikairudisha 2017. Yaani miaka 13 ya katikati hakuna Hilux ya Mjapani ya kuletwa mtumba, kwahiyo unachokuta ni za zamani kama yangu, au Vigo na Revo (matoleo ya baadaye) za Thailand, au zilizotoka Uingereza na Afrika Kusini, sehemu ambazo usukani uko kulia kama kwetu. Chache zinagombewa na wengi, bei lazima ikae juu. Kenya wao mtumba hauruhusiwi kupita miaka 8, sisi tunaruhusiwa ila TRA uchakavu unaulipia, na watu wakipiga ile hesabu ya kikokotoo wanaona bora wanunue ambayo iko ndani tayari. Ukivuka Namanga utakuta na ladha nyingine, Isuzu D-Max inaheshimika sana kule, na inaunganishwa palepale Nairobi.

Na hii ya dabo sio yetu peke yetu. Australia Hilux ndo ilikuwa gari inayouzwa kuliko magari yote kuanzia 2016 mpaka 2022, halafu Ford Ranger ikaipindua 2023 na ikarudia 2024, na ukiangalia kilichowavuta watu ni mambo ya ndani, skrini kubwa, viti, utulivu barabarani, yaani mambo ya gari ndogo. Marekani Ford F-Series inaongoza pikapu zote tangu 1977 na ni midude mikubwa ambayo wenyewe wengi wanaendea sokoni na mfuko mmoja wa mkate, hiyo ni maoni yangu lakini. Huku kwetu haitusaidii, usukani uko kushoto.

Thailand ndo imenifurahisha zaidi. Ile ndo nchi ya pikapu za tani moja, mkulima wa kule anakopa benki anachukua mpya, na 2023 na 2024 mauzo yalianguka vibaya, sio kwamba watu hawazitaki, ni benki zilibana mikopo kwasababu madeni ya familia yalizidi. Katikati ya hiyo, mwisho wa 2023 Toyota ikaleta Hilux Champ, singo kebini ya bei nafuu, ilipotoka ilianzia baht 459,000, haina mbwembwe, nyuma iko flati unafunga chochote, bodi, tenki la maji, mgahawa. Nilipoiona nikamwonesha Mama Neema picha. Akauliza ina siti ngapi.

Kuhusu pikapu za Wachina, jirani yangu anayo, mpya, ina kila kitu ndani, mpaka kamera ya nyuma, na bei aliyonunulia mi ningepata Vigo iliyochoka. Anaisifia na sijamwona gereji. Lakini alipojaribu kuiuza mwaka jana ili aongezee mtaji, watu walikuja, wakakaa ndani, wakapiga picha, wakaondoka. Kila mmoja anaogopa atamuuzia nani. Mi nadhani baada ya miaka mitano hili litabadilika, mafundi wakizizoea na spea zikijaa Kariakoo, anayenunua leo ndo analipia ada ya shule kwa niaba yetu.

Nyota naipa 4 kati ya 5, hiyo moja iliyokatwa muulizeni Mama Neema. Na kama unabeba abiria kuliko mzigo usinisikilize kabisa, chukua dabo, ila nenda na fundi anayekubali kulala chini.

Halafu juzi Jumanne kanipigia yule yule jamaa wa mbao wa Mafinga. Dabo alishaipata, nzuri, viti laini, lakini mbao za futi 12 zinaning'inia nje zaidi ya nusu, trafiki wamemzoea mpaka wanamuita kwa jina. Anauliza kama ile ya zamani ipo, nimrudishie. Nikamwambia siuzi, akasema taja bei basi. Simu ilikuwa kwenye spika na Mama Neema alikuwa anamenya viazi hapo pembeni. Kaacha kumenya.